Muulize Mfamasia: Nimeandikiwa dawa ya sonona ili niache fegi, je nina tatizo la akili?

SWALI: Shikamoo dada mfamasia. Mimi ni dereva wa lori, natembea Dar mpaka Tunduma, nina miaka 36. Nimeanza kuvuta nikiwa form two na sasa hivi pakiti nzima inaisha kwa siku, nikiwa na safari ya usiku inapita hapo. Nishajaribu kuacha ghafla ila ikifika siku ya tatu nakuwa na hasira mpaka utingo wangu anaogopa kuniongelesha. Juzi daktari kaniandikia vidonge vinaitwa bupropion, nimefika nyumbani mke wangu kaingia Google kaona ni dawa ya sonona basi kaanza kulia, anadhani nina ugonjwa wa akili nimemficha. Mimi sina huzuni yoyote dada, nina hamu ya sigara tu. Daktari kakosea? Na si nitatoka kwenye uraibu mmoja nikaingia mwingine? Vidonge viko kabatini, sijaanza.
D., Mbeya

JIBU: Marahaba mdogo wangu, na mpe pole sana wifi yangu, mwambie afute machozi, daktari hajakosea na wala hajasema una ugonjwa wa akili.

Ni kweli bupropion ilianza kama dawa ya sonona. Marekani waliiruhusu 1985, ikasimamishwa mwaka uliofuata kwa sababu kwenye dozi kubwa watu walikuwa wanapata degedege, ikarudishwa 1989 kwa dozi iliyopunguzwa. Halafu kuna daktari anaitwa Linda Ferry, alikuwa hospitali ya wanajeshi wastaafu kule Loma Linda, California, yeye ndo alianza kuijaribu kwa wavutaji, na mwaka 1997 ikaruhusiwa rasmi kuwa dawa ya kuacha sigara. Mwaka huohuo ukatoka utafiti mkubwa wa wavutaji 615, na hapa naomba wifi asome mwenyewe, watu waliokuwa na sonona wakati ule hawakuingizwa kabisa. Walichukuliwa watu kama wewe, hawana huzuni ila sigara imewashika. Baada ya mwaka mmoja, kwa waliopewa vidonge vitupu visivyo na dawa kama 12 katika kila 100 walikuwa hawavuti, kwa waliopewa bupropion miligramu 300 kwa siku walikuwa 23. Sio wote wameacha, sikudanganyi, ila ni karibu mara mbili, na kwa kitu kigumu kama sigara hiyo ni tofauti kubwa sana.

Inavyofanya kazi iko hivi. Nikotini ikifika kwenye ubongo inaachia dopamini, kemikali ya ubongo, ndo ile raha ya fegi ya kwanza asubuhi. Ukikata ghafla dopamini inashuka na arosto inaingia, hasira, usingizi unakimbia, akili haitulii, ndo hiyo siku yako ya tatu. Bupropion inaifanya dopamini na mwenzake noradrenalini zikae kazini muda mrefu zaidi, kwa hiyo ule mshuko unakuwa sio mkali, halafu pia inaziba kiasi zile sehemu ambazo nikotini inashikia, ndo maana utasikia mtu anasema fegi siku hizi haina hata ladha. Ndani yake hakuna nikotini. Na kuhusu uraibu usiogope, ukiinywa kama ulivyoandikiwa haikushiki kama sigara, unaitumia wiki 7 mpaka 12 halafu unaacha.

Ila usianze tu kwa vile nimekwambia ni nzuri. Kitu kinachonitisha kwenye dawa hii ni kifafa. Kwa dozi ya kawaida inampata kama mtu 1 katika 1000, ni wachache, lakini wewe unashika usukani wa lori kwenye mteremko wa Kitonga, kwako sio jambo dogo. Kwa hiyo rudi kwa daktari umjibu haya kwa ukweli: ushawahi kupata kifafa au degedege hata utotoni? Ushaumia kichwa vibaya kwenye ajali? Una kisukari na unatumia dawa zake? Unakunywa pombe kiasi gani, maana anayekunywa kila siku halafu akakata pombe ghafla huku anameza bupropion yuko kwenye hatari kubwa kabisa. Na mirungi. Najua barabarani inatumika kukesha, mwambie, anataka kujua kwa ajili ya uhai wako, haiti polisi. Tramadol, ile dawa ya maumivu, nayo mtajie, na dawa za malaria pia, zipo kama mefloquine na klorokwini ambazo zikikutana na hii zinaongeza uwezekano wa degedege, kwa hiyo ukiugua njiani ukaingia duka la dawa sema kwanza unatumia bupropion.

Akiridhika, panga tarehe ya kuacha, kisha anza vidonge wiki moja au mbili kabla ya hiyo tarehe, wala usishangae kwamba bado unavuta siku hizo, dawa inahitaji muda wa kujijenga mwilini. Kawaida ni kidonge kimoja cha miligramu 150 asubuhi kwa siku 3, baada ya hapo viwili kwa siku, kati ya cha kwanza na cha pili zipite saa 8 au zaidi. Cha pili kisisogee karibu na kulala, hutapata usingizi, na dereva asiyelala tunajua mwisho wake. Ukisahau kimoja ruka, usimeze viwili kufidia. Kidonge kisivunjwe wala kutafunwa maana kimetengenezwa kuachia dawa polepole. Mdomo utakauka, beba maji. Kama unaweza anza ukiwa likizo ujue mwili unaipokeaje kabla hujapanda gari.

Wifi naye ana kazi. Mwaka 2009 Marekani waliweka onyo kali kwenye dawa hii kuhusu mawazo ya kujiua na tabia kubadilika, ukafanyika utafiti wa watu zaidi ya 8,000, matokeo yakatoka 2016 na onyo lile likaondolewa. Hata hivyo kuacha sigara kwenyewe kunashusha moyo, kwa hiyo akikuona umebadilika sio kawaida yako, unaongelea kufa au una wasiwasi usioisha, acha kidonge na muende hospitali siku hiyohiyo.

SWALI: Dada, mdogo wangu anatumia fluoxetine ya sonona. Mimi navuta, naweza kumega zake?
Msomaji, Tanga

JIBU: Hapana mpendwa. Hizo zinagusa serotonini, kemikali nyingine ya ubongo, zimejaribiwa kwa wavutaji na hazikusaidia kuacha, utakuwa umempunguzia mgonjwa dawa yake bure. Katika dawa za sonona iliyosaidia nyingine ni nortriptyline, ila ni ya zamani, inagusa moyo na ikizidishwa ni hatari, daktari tu ndo aamue.

SWALI: Niko Mombasa, nabandika plasta za nikotini lakini bado nashindwa. Naweza kuongeza bupropion?
Bi. S.

JIBU: Inawezekana Bi. S., zote mbili ziko kwenye orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani, plasta toka 2009 na bupropion toka 2021. Sharti daktari ajue, maana zikiwa pamoja zinaweza kupandisha presha, kwa hiyo ipimwe kabla hujaanza na irudiwe ukiwa unaendelea. Na usipigane peke yako, wanaopata dawa pamoja na mtu wa kuongea naye wanafanikiwa zaidi kuliko wanaomeza vidonge tu. Kwenu Kenya kuna namba ya NACADA, mamlaka ya kupambana na ulevi na dawa za kulevya, 1192, ni bure, wapigie hata leo.