Siku moja Osaka: makumbusho ya tambi Ikeda

Umeuliza kama kwenda makumbusho ya Cup Noodles (tambi za papo hapo za kikombe) kule Ikeda, mji jirani na Osaka, kunahitaji mwongozaji. Hapana. Panda treni ya kampuni ya Hankyu kutoka stesheni ya Osaka-Umeda, kama dakika 20, ushuke Ikeda utembee kidogo. Kiingilio bure, Jumanne hufungwa.

Kutengeneza kikombe chako cha tambi ni yen 500. Unachora kikombe, unachagua supu 1 kati ya 4 na nyongeza 4 za kutia juu ya tambi kati ya 12. Angalia pale kwenye mashine: unazungusha mpini wake, na kikombe kinashushwa juu ya tambi kikiwa kichwa chini, kisha vinageuzwa pamoja. Ukitumbukiza tambi kutoka juu huinama na kukwama. Zikiingia sawa huning'inia katikati, chini panabaki nafasi ya maji moto.

Kukanda unga na kukaanga tambi ni darasa lingine, kama dakika 90, na bila kuweka nafasi mapema hupati.

Kwa Waislamu: vile vipande vya nyama vya mchemraba vina nguruwe, na supu ya ladha ya kwanza (Original) pia. Uliza kwanza. Kikombe kiliwe ndani ya mwezi hivi. Muhuri wake si wa kiwandani.