Mnaoanza na Simfoni namba 45 ya Haydn, msirukie mwisho

Wadogo zangu mlioingia okestra au darasa la muziki mwaka huu, hii simfoni mtakutana nayo mapema kwa sababu stori yake ni tamu, na wengi mtafanya kama nilivyofanya mimi, unafungua vidio unaenda moja kwa moja dakika za mwisho kuona wapigaji wanazima mishumaa wanaondoka mmoja mmoja. Nilikaa hivyo mwaka mzima nikiamini naijua, kumbe bado.

Stori yenyewe ni ya 1772. Haydn, mtunzi wake, ameajiriwa na Prinsi Nikolaus Esterházy, na prinsi ana kasri lake la Eszterháza huko mashambani Hungaria, analipenda kupita maelezo. Wapigaji wako naye huko, familia zao zimebaki mji wa Eisenstadt, na mwaka huo prinsi kakaa tu, siku zinapita hataji habari ya kurudi. Wakamwendea Haydn maana yeye ndo kiongozi wao. Sasa anayekulipa mshahara utamwambiaje kwamba watu wamechoka wanataka kwao? Haydn akaandika simfoni.

Anzeni na kii, yaani noti na ngazi ambayo muziki unaifanya nyumbani kwake. Ni F shapu maina, na enzi zile simfoni kwenye kii hiyo ilikuwa kitu adimu sana. Horni za wakati huo hazina vali za kubonyeza kubadilisha noti, ukitaka kubadilisha kii unachomeka kipande cha bomba, na kwa F shapu ikabidi vipande vya kuchomeka viagizwe maalumu. Mtu hajisumbui hivyo bure! Halafu sikilizeni mwanzo kabisa, fidla za kwanza zinashuka kwa nguvu noti za akodi (kundi la noti zinazoendana) moja moja, fidla za pili zinagonga nje ya biti, hakuna pa kupumzikia. Katikati panakuwa kimya, kisha kinatokea kiwimbo kipole cha D meja ambacho hujakisikia kabla na hakirudi tena kabisa. Mi pale nawaona watu wa nyumbani, kila mara.

Bila hayo, ule mwisho unabaki kuwa igizo tu. Presto ya mwisho, sehemu ya kasi, inakimbia inakimbia, inakatika kwenye akodi inayodai jibu, na jibu linakuja taratibu kwa A meja, Adagio. Hapo shikeni skoo, ile karatasi yenye noti za wapigaji wote, na penseli, wekeni alama kila anapoondoka mtu. Obo ya kwanza (obo ni ala ya kupuliza) na horni ya pili wanapewa solo yao wanatoka, fagoti, naye wa kupuliza, anatoka hata solo hana maskini, wanafuata obo ya pili na horni ya kwanza. Kisha besi kubwa, na hapa rudieni hata mara kumi, maana besi ndo inayoutoa muziki kwenye A meja kuurudisha F shapu, ikishamaliza kazi hiyo nayo inakwenda zake, na waliobaki unawasikia kabisa hawana sakafu chini yao. Selo, fidla nyingine, viola. Zinabaki fidla mbili zimebanwa kizibo cha kupunguza sauti kwenye daraja linaloshikilia nyuzi, inasimuliwa kwamba ni Haydn mwenyewe na Tomasini, kiongozi wa fidla zake. Prinsi akaelewa, kesho yake msafara ukaondoka.

Kwa mtakaopiga laivu: fanyeni mazoezi ya kuondoka, sio noti peke yake. Sisi mara ya kwanza tulizijua noti vizuri ila viti vilikwaruza sakafu na mtu mmoja akagonga stendi, solo ya wenzetu ikafunikwa yote. Inua kiti, usikivute, na simama noti yako ikishaisha kabisa. Nyie wawili wa mwisho, kizibo kinapunguza sauti kwa hiyo mkono utataka kukandamiza upinde, usiuruhusu, sikilizaneni pumzi. Inaishia F shapu meja, kwa sauti ndogo kabisa, na ikishaisha msishushe upinde haraka.