Zamadamu, nyani au sokwe: nani katokana na nani?

Swali: Nafundisha shule ya msingi mkoani Singida. Wanafunzi wangu huandika "mtu alitokana na nyani", na nikiwakosoa hunionyesha gazeti lililoandika vivyo hivyo. Somo lenyewe wengine huliita mageuzi ya binadamu, wengine mabadiliko, wengine mageuko. Halafu kuna hili: zamadamu, yaani kiumbe wa kale wa ukoo wetu aliyetangulia binadamu wa aina yetu, tuseme "alifikiri" au "aliwaza"?

Jibu: Nianze na nyani, Mwalimu, maana yeye anasingiziwa. Nyani kwa Kiswahili ni yule mwenye mkia na pua iliyochongoka kama ya mbwa, anayeingia shambani na kundi lake zima mahindi yakishakomaa. Tumbili ni mwingine, kima ni mwingine, mbega naye ana jina lake. Sokwe hana mkia, na mtu wa Kigoma, anayeishi karibu na hifadhi za sokwe za Gombe na Mahale, hawezi kumchanganya na nyani hata gizani. Waliochanganya ni wafasiri wa makala za kigeni, waliotaka neno moja la kuwabeba wote hao, wakambebesha nyani.

Kwa hiyo "mtu alitokana na nyani" ni kosa la lugha kabla hata hatujafika kwenye sayansi. Tukifika huko, kosa linakua. Ukoo wa nyani na ukoo wetu uliachana zaidi ya miaka milioni 20 iliyopita. Sisi na sokwe tuliachana juzijuzi kwa hesabu hizo, kiasi cha miaka milioni 6 au 7. Lakini usikimbilie kufuta "nyani" na kuandika "mtu alitokana na sokwe". Sokwe wa leo naye amekuwa akigeuka kwa muda uleule tuliogeuka sisi. Binamu yako mna babu mmoja, ila hujatokana naye. Andika "mtu na sokwe wana asili moja", au "mtu na sokwe wametokana na kiumbe mmoja wa kale". Hapo hakuna wa kukukosoa.

Sasa mageuzi na mageuko. Kamusi nyingine zinayaweka karibu sana, lakini sarufi inayatenganisha vizuri. Mageuzi yanatoka kwenye geuza, na kitenzi hicho kinadai mtendaji: yuko anayegeuza na kiko kinachogeuzwa. Mageuko yanatoka kwenye geuka, ambacho hakimtaji mtendaji yeyote. Angalia pia pindua na mapinduzi: Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964 yalikuwa na watu walioyafanya. Mfumo wa vyama vingi uliporudi nchini mwaka 1992, neno la majukwaani lilikuwa mageuzi, kwa sababu watu walidai mambo yageuzwe. Viumbe vinavyobadilika umbo kizazi hadi kizazi, wale wanaofaa mazingira wakizaa na wengine wakipotea, havina kamati. Hayo ni mageuko. (Anayeamini kwamba yuko anayegeuza atataka kuandika mageuzi, na kisarufi sina la kumjibu.) Mabadiliko si kosa, ila ni neno pana mno, kwa kuwa hata ratiba ya mabasi ina mabadiliko.

Zamadamu ni neno zuri, na nashangaa waandishi wengine wanaliogopa. Ndani yake unasikia zama, na unamsikia Adamu yuleyule aliye ndani ya binadamu. Ni kiumbe hai, kwa hiyo upatanisho wake ni wa A-WA: zamadamu huyu, zamadamu hawa, nyayo za zamadamu waliopita Laetoli, kule Ngorongoro, miaka milioni 3.6 iliyopita. "Zamadamu hii" na "mazamadamu" viache. Nimesoma pia "fuvu hilo liliishi miaka milioni moja na robo tatu iliyopita". Fuvu haliishi. Aliyeishi ni mwenye fuvu.

Fuvu linalosemwa hapo ni lile aliloliona Mary Leakey, mtafiti wa mabaki ya kale, mwezi wa Julai 1959 kwenye bonde la Oldupai, huko huko Ngorongoro. (Naandika Oldupai kwa sababu Wamasai ndivyo wanavyouita mkonge wa porini unaoota bondeni humo. Olduvai ni sikio la mgeni.) Mwenye fuvu alipewa jina Zinjanthropus, na sehemu ya kwanza ya jina hilo ni yetu: Zinj, au Zanj, ndivyo Waarabu wa kale walivyoiita pwani ya Afrika Mashariki, na neno hilohilo limo ndani ya Zanzibar. Basi watu wakachukua jina na undugu wakamwita "babu yetu Zinj". Zamadamu alikuwa, hilo halina ubishi, lakini babu hapana. Wataalamu wanamweka kwenye tawi la pembeni lenye magego makubwa na taya nene, ambalo liliisha bila kuacha uzao. Neno "babu" katika somo hili litumike kwa uangalifu kama linavyotumika kwenye kesi ya mirathi.

Nimeliacha swali la kufikiri na kuwaza hadi sasa kwa kuwa ndilo tamu. Mara nyingi maneno haya hubadilishana nafasi bila madhara. Lakini sikiliza mtaani. Mtu akisema "fulani ana mawazo", hamsifu kwa falsafa. Anamaanisha fulani ana deni, ana mgonjwa, au hajui mtoto wake wa mjini analala wapi. Kuwaza kunabeba kisichokuwepo mbele ya macho: aliye mbali, aliyekufa, kesho. Kufikiri ni kutafuta njia ya kufanya jambo.

Kwa kipimo hicho, kufikiri tunaweza kumpa zamadamu bila wasiwasi. Kule Lomekwi nchini Kenya, magharibi mwa Ziwa Turkana, zimepatikana zana za mawe za miaka milioni 3.3, na kumega jiwe ili upate makali kunataka ujue upige wapi na kwa pembe ipi. Ukienda Isimila, karibu na Iringa, utaona mashoka ya mawe yaliyochongwa pande zote mbili hadi yakalingana. Aliyeyachonga alijua anachokitaka kabla ya pigo la kwanza. Hapo sioni ubaya hata wa kuandika "alibuni". Ila tusijione peke yetu. Mwaka 1960 Jane Goodall, mtafiti wa sokwe, aliona sokwe wa Gombe wakichambua vijiti na kuvichomeka kwenye vichuguu ili wavue mchwa, na tangu siku hiyo ile fasili ya mtu kuwa ndiye kiumbe pekee mwenye kutengeneza zana haikusimama tena.

Kuwaza kunataka ushahidi wa namna nyingine, na mmoja uko Kilifi, pwani ya Kenya, kwenye pango liitwalo Panga ya Saidi. (Panga hapo ni pango, si la kufyekea.) Mwaka 2021 watafiti walitangaza kaburi la mtoto asiyetimiza miaka mitatu, aliyelazwa humo miaka 78,000 iliyopita. Walimwita Mtoto, kwa Kiswahili hikihiki. Alilazwa kwa ubavu, magoti yamekunjwa kuelekea kifuani. Mifupa inaonyesha mwili ulikuwa umefungwa ndani ya kitu, na kichwa kilikuwa kimeegemezwa juu ya kitu kilichooza baadaye. Aliyemtayarishia kichwa cha marehemu mahali pa kuegemea alikuwa akiwaza, kwa maana kamili ya neno.

Mtoto huyo, Mwalimu, usimwite zamadamu. Mifupa ya binadamu wa aina yetu imepatikana Jebel Irhoud, Moroko, na ina miaka kama 300,000. Wa Kilifi amekuja nyuma sana ya hao. Mwite mtu wa kale, au mwite binadamu tu.

Na kitenzi chake ni kuzikwa. Niliwahi kusoma "alifukiwa pangoni". Unafukia shimo, unafukia taka, na poromoko la udongo linaweza kumfukia mtu. Kuzika kunataka watu na nia, na nia ndiyo iliyowashangaza watafiti. Mwanafunzi atakayekuandikia "watu wa kale wa Kilifi walimzika mtoto wao pangoni" mpe alama zote. Akiandika "zamadamu walimfukia", mkate mbili: moja ya zamadamu, moja ya fukia.