Jibu: kwa nini Brownwood ilihamwa kabisa

Mkuu umeuliza kwa nini watu wa Brownwood, kule Baytown, Texas, waliacha nyumba zao badala ya kujenga ukuta tu wa kuzuia maji. Shida ni kwamba ardhi yenyewe ilikuwa inashuka aisee. Viwanda na miji ya ukanda ule wa Houston vilivuta maji ya visima miaka na miaka, sasa ule udongo wa mfinyanzi wa chini ukishanyonywa maji unajibana na hata ukiyarudisha haunyanyuki tena kama zamani, ndo mtaa uliojengwa vizuri kabisa kando ya ghuba ukajikuta unazidi kushuka hadi usawa wa maji, kuna sehemu ardhi ilishuka karibu mita 3! Ikafika mahali upepo ukisukuma maji kidogo tu yanaingia hadi barabarani.

Na usidhani walikaa tu. Barabara ya kuzunguka mtaa iliinuliwa iwe kama tuta, pampu zikawekwa, ila tuta lenyewe si limekaa juu ya ardhi ileile inayodidimia. Mwaka 1975 Texas ikaunda mamlaka ya kudhibiti uvutaji wa maji Houston na Galveston, kwa Brownwood ilikuwa too late. Agosti 1983 kikaja kimbunga Alicia kikamaliza kazi.

Kinachoniuma mimi ni kwamba maji waliyavuta wengi, waliopoteza nyumba ni wale wa pembeni. Leo pale ni hifadhi ya ndege, inaitwa Baytown Nature Center.