Kanga Husomwa na Anayebaki Nyuma

Swali lenu la wiki hii lilikuwa: "Mtu hujipatiaje nafasi ya kujieleza alivyo, pale anapoishi karibu mno na wenzake?" Kwa Unguja na Pemba nawajibu kwa neno moja, kanga. Nitaieleza kwa upande wa ufundi, maana wengi huzungumzia majina yake tu, yaani maneno yaliyoandikwa juu yake, wakasahau kwamba jina lililokaa vibaya mwilini halisomeki, na lisilosomeka ni sawa na ambalo halikuvaliwa.

Kwanza, kwa nini nguo? Nyumba za Mji Mkongwe na Ng'ambo, mitaa ya mjini Unguja, zimebanana, na ndani ya nyumba moja mwanamke anaweza kuwa na mavyaa (mama mkwe), mawifi, pengine na mke mwenza. Neno likimtoka mdomoni lina mwenyewe. Litafikishwa kwa mume, litafikishwa kwa wazee, mwisho ataambiwa aombe radhi. Jina la kanga limechapishwa kiwandani na watu chungu nzima wamelinunua. Aliyelivaa anaweza kusema alipenda rangi, na hakuna wa kumkanusha. Anayelengwa akilalamika, amejitaja mwenyewe mbele ya watu.

Hata kujitanda kwenyewe, yaani kujifunika kanga kichwani na mabegani, kuliwahi kuwa jambo la kudaiwa. Kabla ya hali ya utumwa kufutwa kisheria Zanzibar mwaka 1897, wakati wa Sultani Hamoud bin Mohammed, mwanamke mtumwa alijulikana kwa nguo yake: merikani, kitambaa cha pamba kisichotiwa rangi, au kaniki nyeusi, na kichwa wazi. Waliopata uhuru wakazishika kanga. Zilikuwa na rangi, zilikuwa mbili, na ile ya pili ilifunika kichwa. Kanga zenyewe zilitokana na leso za mkononi zilizounganishwa kwa sindano, kabla hazijaanza kuchapishwa nzima nzima. Majina yalifuata baadaye, kwanza kwa hati ya Kiarabu kisha kwa herufi za Kirumi, na mfanyabiashara wa Mombasa, Kaderdina Hajee Essak, ndiye anayetajwa sana katika habari hiyo. Ukingoni mwa kanga zake husomeka mpaka leo "Mali ya Abdulla".

Kipande kimoja kina upana wa sentimita 150 hivi na kimo cha 110. Kimezungukwa na pindo, katikati kuna mji, ndio uwanja wa kati wa nguo, na jina limekaa ndani ya kisanduku juu ya pindo la chini, katikati kabisa ya ule upana. Pale katikati ndipo siri ilipo. Ukijifunga kwa kushika ncha mbili sawasawa mbele yako, kila upande umebakiwa na sentimita 75, na jina litaangukia katikati ya mgongo wa nguo, chini. Msomaji wake ni yule unayempa kisogo unapoondoka. Ndiyo maana kanga huvaliwa kwa kuaga zaidi kuliko kwa kuingia.

Kosa la kawaida ni kuibandika ncha moja kitovuni kisha kuizungusha nguo yote upande mmoja. Mwenye nyonga za sentimita 100 akifanya hivyo, jina linahamia ubavuni: nusu linasomwa na aliye nyuma, nusu halisomwi na mtu. Mwenye nyonga za 130 hubakiwa na sentimita 20 tu za kupishana mbele, basi ashike ncha kwa usawa zaidi na akaze vizuri, vinginevyo kanga itamfunguka njiani. Ukitaka kulificha jina, igeuze kanga juu chini. Jina litakuja kiunoni, likunje kwa ndani ama lifunike kwa blauzi. Hilo nalo ni neno, na wanaokujua wataliona.

Kipande cha kujitanda kina hesabu yake. Katikati ya ukingo wa juu iwekwe utosini, na jina litaning'inia nyuma, chini ya kiuno, huku lile la kanga ya chini likiwa karibu na visigino. Majina hayo mawili ni mamoja, kwa kuwa vipande viwili vya doti moja, yaani jozi ya kanga, hufanana. Lakini ukitupia ncha moja begani kwa nguvu, nguo nzima inavutika na jina linapanda kwapani. Tupia kwa ulegevu, kisha rudisha katikati kwa mkono wa pili.

Dukani, iwe Darajani, Chake Chake au Wete, usinunue kanga iliyokunjwa. Omba ifunguliwe, lisome jina lote kwa sauti, kisha geuza upande wa ndani. Pamba nzuri rangi yake hupenya, na upande wa ndani hukaribia ung'avu wa nje. Kama unashuku ni poliesta, chomoa uzi mmoja ukingoni uuchome: pamba huwa jivu na kunuka karatasi iliyoungua, poliesta huyeyuka ikawa kidonge kigumu. Poliesta haifai kujifungia. Inateleza kiunoni, haifyonzi jasho, na jina linakwenda linakotaka.

Doti hutoka dukani ikiwa vipande viwili vilivyoshikana. Kata kwa mkasi kwenye nafasi iliyo kati ya pindo mbili, sio kwa jicho, maana ukiingia ndani ya pindo kipande kimoja kitapungua na katikati yake itahama. Pinda ncha zilizokatwa kwa cherehani kabla ya kufua, la sivyo nyuzi zitachomoka. Halafu loweka peke yake katika maji baridi. Wanga wa kiwandani utatoka, na kama rangi inachuja, hasa nyekundu na nyeusi, utajua kabla haijaharibu nguo nyingine. Anika kivulini.

Sasa maneno. Wanaoanza hutafuta jina linalomtaja mtu karibu kwa sura, na hapo huipoteza ile nafasi niliyoisema. Jina likiwa wazi mno, kisingizio cha rangi hakisimami. Majina yaliyodumu ni mapana: "Hasidi hana sababu", "Mdhaniaye ndiye kumbe siye", "Naogopa simba na meno yake, siogopi mtu kwa maneno yake". Kila mtu anaweza kuyavaa siku yoyote, na anayeumwa ndiye atakayesikia maumivu. Siku nayo ina uzito. Ukilivaa jina siku ile ile ya ugomvi umetukana. Ukingoja siku tatu ukalivaa kwenda kuchukua maji, umejieleza. Na anayejibu asikimbilie kununua kanga ya kujibu jioni hiyo hiyo, ataonekana kachomwa.

Kwenye harusi nafasi hiyo huwa ya kundi. Marafiki au ukoo huvaa sare, na ukumbi mzima unajua nani yuko upande gani bila kuuliza. Sare huharibika kwa sababu moja kubwa: kununua kwa mafungu. Nyekundu ya mzigo wa wiki hii na nyekundu ya mzigo wa mwezi ujao si moja, na kwenye picha tofauti inaonekana. Hesabu watu kwanza, ongeza doti mbili za wanaojitokeza mwisho, nunua zote siku moja, na linganisha maandishi madogo ya mtengenezaji yaliyoko ukingoni. Bibi harusi ana kanga yake iitwayo kisutu, chekundu, cheusi na cheupe, na kisutu cha asili hakina jina. Siku hiyo mwenye kusema si yeye.

Wanaume wana kofia na baraza, na hayo yanastahili barua yake.

Ukishona gauni, mwambie fundi asikunje kipande kimoja begani kiwe mbele na nyuma kwa pamoja. Upande mmoja utatoka kichwa chini, tena bila jina. Mshono uwe begani, mbele kipande kimoja na nyuma kipande kingine, kwa hiyo doti nzima inahitajika. Mkato wa kiuno usipite juu ya kisanduku cha jina.

Zawadi ndiyo inayotia watu matatani zaidi, kwa kuwa mpokeaji hulisoma jina kama barua iliyoandikwa kwake. Mama hupewa "Wazazi ni dhahabu kuwatunza ni thawabu". Kwa mavyaa, wifi au jirani usiyemjua vizuri, "Sisi sote abiria dereva ni Mungu" haijawahi kumkera mtu. Kwa shoga, yaani rafiki wa kike, wa kweli kuna njia iliyo bora kuliko kumpa doti nzima: ikate, mpe kipande kimoja, kingine ubaki nacho. Mkipita njiani kila mmoja na chake, jina moja, waliobaki barazani watasoma mara mbili.