Umepakua FLAC na husikii tofauti?

Msomaji kaniandikia: "Kaka, nimepakua albamu nzima kwa FLAC, simu imejaa, na sisikii tofauti yoyote. Tunadanganywa?" Nikamuuliza anasikilizia nini. Hedifoni za Bluetooth. Basi, jibu lilikuwa hapo hapo.

FLAC na MP3 ni aina za faili za muziki. FLAC hubana sauti bila kutupa kitu. MP3 hutupa. Sauti ya CD hupita kwa kilobiti 1,411 kwa sekunde, MP3 iliyo bora kabisa huishia 320. Lakini Bluetooth ya kawaida huibana sauti upya na kuipunguza kabla haijakufikia. Umebeba gunia zima mpaka mlangoni, ukaingiza robo.

Mimi albamu ya The Dark Side of the Moon ya bendi ya Pink Floyd, ya mwaka 1973, nilikuwa naijua kwa moyo. Kwa MP3 za kilobiti 128, lakini. Wiki iliyopita niliinakili kutoka CD kwenda FLAC, nikachomeka hedifoni za waya. Jamani! Zile saa zinazolia mwanzoni mwa wimbo wa "Time", ambazo injinia wa sauti Alan Parsons alizirekodi moja moja kwenye duka la saa, kwangu zilikuwa kelele tu. Sasa kila moja ina mahali pake. Matoazi hayakwaruzi tena. Na yale mayowe yanayotoka wimbo wa "Speak to Me" kuingia "Breathe" hayakatiki, maana MP3 zangu ziliacha kimya kidogo kati ya wimbo na wimbo. Albamu ile nyimbo zake zimeungana. Kimya hicho kinaivunja.

Jamaa zangu walinicheka, eti nanunua hewa. Bado inaniuma, sifichi. (Mmoja wao kaazima hedifoni zangu na mpaka leo hajarudisha.)

Kwa hiyo sikiliza, ndugu yangu: waya kwanza. Simu haina tundu? Tafuta adapta. Pili, waya. Na usigeuze MP3 kuwa FLAC ukajidanganya, kilichotupwa hakirudi. Angalia pia toleo, kwa sababu matoleo mapya ya albamu za zamani mengine yamepandishwa sauti mpaka pigo la ngoma na mnong'ono vinalingana, na hapo FLAC haikusaidii. Kisha acha kurukaruka nyimbo! Albamu ile ni dakika 43 tu, keti.

MP3 yako ikiwa ya 320, tofauti ni ndogo, huenda usiisikie hata kwa waya. Ikiwa hivyo, futa hizo faili za FLAC, simu ipumue.