Anzeni na Mkato: Maneno kwa Wasanifu Wapya wa Minara ya Matumizi Mchanganyiko

Wadogo zangu, juzi nimekaa tena katika kikao cha kukagua michoro ya awali ya mnara wenye maduka, ofisi, hoteli na makazi, na kama kawaida nilionyeshwa kwanza jengo likimeremeta wakati wa machweo, kisha bustani ya juu ya paa, na nilipoomba mkato, yaani mchoro wa jengo likiwa limekatwa wima kuonyesha ghorofa zake za ndani, nikajibiwa kwamba bado unaandaliwa. Vipaji vyenu vinapita vile tulivyokuwa navyo sisi, na hilo nalisema kwa furaha, lakini mnara usio na mkato haujaanza kusanifiwa.

1. Pangeni matumizi kwa kimo kabla ya kugusa sura. Ofisi huvumilia sakafu yenye kina kirefu kutoka dirishani, ilhali nyumba inataka kila chumba cha kulala kiwe na dirisha, na kwa hiyo sakafu ya makazi haipendi kuwa mbali na kuta za nje. Litazameni John Hancock Center la Chicago, lililokamilika mwaka 1969, ambalo Bruce Graham alilisanifu pamoja na mhandisi Fazlur Khan: linapungua upana kadiri linavyopanda, kwa hiyo maduka, maegesho na ofisi zimepata sakafu pana za chini, na makazi yamepata nyembamba za juu. Mkazi hupanda lifti ya moja kwa moja hadi ghorofa ya 44, kisha hubadilisha na kuchukua lifti ya kumfikisha kwake, na kwa njia hiyo shafti, yaani mapito wima, za lifti za nyumba hazili nafasi ya ofisi zilizo chini. Umbo lile linalopigwa picha na watalii limetokana na hesabu hizo, pamoja na mihimili ya mshazari inayobeba upepo.

2. Msikifunge kiini, yaani sehemu ya katikati ya mnara inayobeba lifti, kabla ya kuhesabu lifti zote, na ninaposema zote ninamaanisha pia zile ambazo mgeni hazioni. Hapa sina budi kujitoa mhanga. Katika mnara mmoja niliokabidhiwa kiini, nilipanga lifti za ofisi, za wageni wa hoteli na za wakazi, nikaweka ya zimamoto, nikaridhika, na mhandisi wa miundo akaanza kupiga hesabu za kuta za zege kwa vipimo vyangu. Michoro ilikwisha kusambaa kwa kila fani ndipo mtaalamu wa uendeshaji wa hoteli, mama mmoja mpole aliyekuwa kimya muda wote, aliponiuliza lile gari la mashuka machafu litashuka kwa lifti ipi. Nikajibu kwa kujiamini kwamba litatumia lifti ya huduma ya makazi. Akaniuliza tena, kwa upole uleule, kama takataka za jikoni, samani za mkazi anayehama na chakula cha karamu vitapanga foleni pamoja na mashuka hayo, na nani atatangulia. Sikuwa na jibu. Kuongeza shafti mbili kulipanua kiini katika kila sakafu, hata zile za ofisi ambazo hazikuhitaji lifti hizo, eneo la kupangisha likapungua, nguzo za maegesho zikagongana na njia ya magari, na mpangilio wa nguzo za msingi ukarudi mezani. Mhandisi wa miundo hakunigombeza. Alinitumia tu hesabu zake za zamani zikiwa zimepigwa mstari mwekundu ukurasa baada ya ukurasa. Ningemwita yule mama siku ya kwanza, swali lake lingegharimu kipande cha karatasi ya kuchorea.

3. Bafu za makazi hazilingani kamwe na mpango wa ofisi, basi tengeni ghorofa ya mitambo kati yao ili mabomba ya majitaka yahamie pembeni, la sivyo yatapita juu ya meza ya mkurugenzi wa mtu.

4. Mlango wa kuzunguka wa ukumbi wa chini si pambo, huzuia hewa ya nje isiingie kwa wingi: hewa ikivutwa kupanda ndani ya shafti ndefu, milango ya lifti hushindwa kufunga.

5. Kila badiliko la kiungio, yaani pale vyuma vya jengo vinapoungana, lirudishwe kwa aliyesanifu muundo. Kwenye Citicorp Center la New York, lililofunguliwa mwaka 1977, viungio vilivyokusudiwa kuchomelewa vilifungwa kwa bolti, na ulipohesabiwa upepo unaopiga pembe ikadhihirika kwamba havikutosha. Mwaka 1978 mafundi walifanya kazi usiku wakichomelea mabamba ya chuma juu yake.

6. Kubalianeni mapema jinsi ya kuhesabu ghorofa. Muuzaji wa nyumba huruka 13, mhandisi haruki kitu, na msanifu huanza na sifuri. Tuliwahi kubishana asubuhi nzima kuhusu shafti ya bafu katika ghorofa ya 31, sauti zikapanda, hadi kijana wa mabomba, mdogo kuliko wote mezani, alipogundua kwamba kila upande ulikuwa umefungua mchoro wa ghorofa tofauti.